Jua la Tatu Linalala

Jumapili, tarehe 3 Agosti 2025

Binti yangu Isimbi amepata dunia mpya. Dunia ya majua matatu! Sijui ameitoa wapi — vakansi ya shule ni ndefu, batoto banachoka. Akasema dunia bila kalenda, muntu anapotea. Basi tumeitengeneza. Metre yangu ya zamani ya kupimia nguo tumeipigilia ukutani kwa misumari miwili. Vifungo vitatu, kila kimoja na pini yake. Cheupe ni Jua Kubwa: hatua moja kila asubuhi, likifika mwisho linaanza tena. Chekundu ni Jua la Soko: hatua moja kila siku ya soko. Cheusi kidogo ni Mulalaji. Huyo anaamka mvua ikinyesha tu. Yote matatu yakikutana kwenye namba ile ile, mwaka umekwisha, na kila muntu anaongeza umri.

Nikamuuliza, huko wewe una miaka mingapi?

"Miwili, Maman. Niko mudogo sana."

Nimecheka. Halafu nimekwenda kusimama nyuma ya nyumba.

Jumatano, tarehe 6 Agosti

Niandike basi, maana kwa mdomo siwezi. Mume wangu Kabera alipokufa, siku ya kumaliza matanga, mama yake alisimama mbele ya watu. Mama Eugénie. Akasema mtoto abaki na mama yake mpaka miaka saba, halafu aje kijijini kwake, Gashonga, akulie kwa ukoo wa baba yake. Wote wakanitazama. Nikasema ndiyo. Isimbi alikuwa na minne. Saba ilikuwa mbali!

Anafikisha saba tarehe 27. Jumatano kama leo.

Jumanne, tarehe 12 Agosti

Kwenye atelie ya kushona nimemweleza Zulaikha kalenda yetu. Mashine yake iko karibu na yangu. Alicheka mpaka uzi wake ukakatika. Majua matatu! Huko nguo inakauka mbio, dada, tuhamie leo leo!

Halafu akaacha kucheka. "Na saba ikifika, Maman Isimbi, utamuachilia kweli?"

Nikamkonyeza anyamaze. Isimbi alikuwa chini ya meza anaokota vipande vya kitenge. Nadhani hakusikia.

Ningekuwa muntu wa kusoma ningemwandikia Mama Eugénie barua nzuri. Shule niliachia mwaka wa tano. Na ile "ndiyo" yangu waliisikia watu wote.

Jumapili, tarehe 17 Agosti

Vumbi. Majirani wanaomba mvua wapate kulima. Mimi ninaomba isinyeshe, Mulalaji asiamke. Mungu anisamehe.

Jumapili, tarehe 24 Agosti

Mvua! Ilipiga mabati mpaka hatukusikiana. Isimbi akapanda juu ya kiti, akamsogeza Mulalaji: 41. Alipokwenda kuchota maji nikamrudisha 40. Mama mzima, miaka ishirini na sita, ninaiba hatua ya jua! Ujinga tu. Lakini roho ilitulia. Kidogo.

Jumatatu, tarehe 25 Agosti

Mulalaji yuko 29. Si mimi.

Nimemwita Isimbi. Nani amemugusa? Akaangalia miguu yake.

"Amerudi mwenyewe, Maman. Alisikia baridi."

Basi alimsikia Zulaikha, pale chini ya meza. Siku zote hizi anajua! Na hakulia hata mara moja, nisije nikalia mimi. Tulikuwa wawili tunavuta jua lile lile nyuma, kila mmoja anamficha mwenzake.

Nimemshika tu. Nywele zake zinanukia moshi wa makaa.

Jumanne, tarehe 26 Agosti

Simu ya Mama Eugénie. Kesho asubuhi anakuja kumchukua na moto, pikipiki ya kukodi. Sauti ya furaha. Mvua imeshuka, maharage atapanda, Isimbi atalala kwenye kitanda kile cha Kabera alipokuwa mtoto, amekiosha mwenyewe. Nilitaka kusema hapana. Ilikuwa hapa, kwenye ulimi.

Nikasema karibu, Maman.

Jumatano, tarehe 27 Agosti

Amekuja. Amezeeka sana tangu matanga. Ameleta ndizi, na viatu vikubwa mno, ili mtoto akue navyo. Kila akimtazama Isimbi anafuta macho. Ni uso wa Kabera ule, najua. Ningekuwa ninamchukia ingekuwa rahisi.

Mfuko uko tayari: nguo tatu, sweta, daftari. Moto inanguruma mlangoni, haikuzimwa hata kidogo. Nikatazama ukuta — Mulalaji hayupo! Isimbi akafungua mkono: yumo ndani.

"Kifungo ya robe imekatika, Maman. Shona hii. Shona na nguvu."

Nimeomba dakika tano. Nimeingia chumbani na robe, gauni lake la safari. Sindano ninayo. Uzi ninao. Sishoni, naandika.

Ninawasikia pale mlangoni. Isimbi, amejifunga kitenge changu, anamweleza bibi yake majua. Moja baada ya jingine, pole pole, kama mwalimu. Saba haijafika, Nyogokuru. Huko niko na miaka miwili.

Dereva anapiga honi. Mama Eugénie anamwambia, ngoja kwanza wewe!

Halafu, kwa sauti ndogo, anamuuliza Isimbi: "Na mutoto wa miaka miwili, huko anakaa na nani?"

Jibu sikulisikia.

Moto imezimwa.

Neno langu, lile hapana, liko palepale kwenye ulimi. Uzi bado sijatia —