Dawa ya Kupe Ndani ya Chupa ya Soda

Mtaa wa Sofia,
Busia, Uganda.
9 Septemba 2025

Mpendwa Kaka Mujib,

Assalaam aleikum. Naomba barua hii ikukute mzima, na joto la Doha liwe limeanza kupungua. Katika ile picha uliyotuma ulionekana umekonda, mpaka Mama akauliza kama huko mnakula. Mgongo je, umepona? Sisi tunaendelea, alhamdulillahi. Mama miguu bado inamsumbua akisimama sana, ila anakula vizuri na hakosi swala. Mvua zimerudi, na njia ya sokoni ni tope tupu.

Najua umesikia vipande vipande juu ya mdogo wetu Jamil. Mama hataki yazungumzwe kwenye simu, maana kila anayeanza kuyasimulia hulia kabla ya kufika katikati. Ndiyo sababu nimekaa nikuandikie.

Tangu Jamil afungue duka la dawa za mifugo, wateja wake wengi ni wafugaji wa upande wa Tororo. Mmoja ni Okwi, wa kabila la Wateso, kutoka Molo, mtu mpole ambaye hanunui kitu kabla hajamsalimia kila mtu dukani. Mwezi wa saba alipiga simu akaomba dawa ya kupe, kidogo tu. Vichupa vidogo vilikuwa vimekwisha. Fauziya, mke wa Jamil, akasuuza chupa ya soda, Jamil akamimina dawa humo, akaitia kwenye kavera nyeusi, mfuko wa plastiki, na kumpa Ochwo wa bodaboda aipeleke. Alitaka ampigie Okwi amweleze ni chupa ya namna gani. Wateja wakaingia, akasahau.

Okwi alikuwa malishoni. Ochwo akamkabidhi mkewe, Acom, akaondoka. Acom alipofungua akaona soda ya machungwa, akafurahi kwamba mumewe amemkumbuka. Baadaye mama mkwe wake, Mama Aguti, akarudi kutoka kuvuna wimbi, kiu imembana na mafua yamemziba pua. Acom akammiminia kikombe kwa mkono wake. Mama wa watu akakinywa chote kwa pupa. Hakufika hospitali akiwa hai.

Laiti mambo yangeishia hapo, Kaka, tungelia kama watu wanavyolilia ajali. Hayakuishia hapo.

Polisi walipokuja dukani kuuliza, Jamil aliingiwa na hofu. Akasema aliituma dawa ndani ya kopo lake, na karatasi ya maelezo juu yake. Ochwo akasema hakuchungulia ndani ya kavera. Basi akabaki Acom peke yake. Majirani wakakumbuka kwamba alikuwa amegombana na mama mkwe wake kwa ajili ya shamba la mihogo, na ikasemwa kwamba dawa ameimimina yeye mwenyewe kwenye chupa ya soda ili amuue. Wakamfungia Tororo, na mtoto wake anayenyonya akaachwa kwa shangazi yake. Siku ya mazishi, Mzee Egau, mume wa marehemu, alisimama kaburini akamlaani Acom mbele ya watu wote. Okwi alikuwapo. Hakusema neno la kumtetea mkewe.

Sisi nyumbani hatukujua lolote. Tulimwona Jamil anakonda, anafungua duka akiwa amechelewa, tukadhani anamhurumia mteja wake aliyefiwa. Aliyejua ni Fauziya, na siku moja baada ya alasiri akayasema mbele yangu na Mama. Tulikuwa tunachambua mchele uani.

"Ile chupa niliisuuza mimi," alimwambia Jamil. "Ukinyamaza, umeninyamazisha na mimi."

"Nikisema nitafungwa. Sikutaka kumuua mtu, Fauziya. Mungu anajua."

"Yule wa kwanza hukutaka. Huyu aliyefungwa, kila siku asubuhi unaamka na unataka."

Jamil akafunika uso kwa mikono. Mama aliuweka ungo chini. Kisha akasema taratibu, "Rukiyah, mtafutie ndugu yako kanzu safi. Umpeleke."

Nilimpeleka hadi Tororo. Kituoni alisema yote, akayarudia, akatia sahihi. Wakamweka ndani, na jioni wakamtoa Acom. Nilimwona akipita. Alikuwa amevaa kandambili zisizolingana, na alikuwa anauliza njia ya kwenda kwa shangazi wa mtoto. Maziwa yalikuwa yamemkauka.

Jamil ametoka kwa dhamana na kesi bado haijasikilizwa. Lakini si kesi inayomla. Alipotoka alitaka kwenda Molo, nikaenda naye tena. Nilidhani watatupiga. Mzee Egau alitoa viti, akamsikiliza mpaka mwisho.

"Kwa chupa, kijana, mimi nasamehe," alisema. "Hata mimi naweka mafuta ya taa kwa chupa ya maji. Lakini mke yangu nimemzika na laana mdomoni, na hiyo laana imepiga mtu hana kosa. Hiyo ya kunyamaza si yangu. Enda Kisoko, uliza Acom."

Acom amerudi kwa wazazi wake Kisoko. Tulimkuta anaanika karanga. Jamil alipiga magoti pale pale kwenye udongo, akaomba radhi. Acom hakumwinua wala hakumfukuza. Aliendelea kutandaza karanga, kisha akasema, "Wewe ulikuwa hunijui. Uliniuza kama mtu unauza mgeni. Hao wa Molo wamekula chakula yangu miaka yote, na waliamini."

Nikamuuliza kama atarudi kwa mumewe. Akatikisa kichwa. "Ile kikombe nilimpa mama na mkono yangu," alisema. "Hiyo peke yake ilitosha mimi kulia. Hawakuniacha nimlilie."

Nasikia Okwi huenda Kisoko kila Jumapili baada ya kanisa. Humpakata mtoto, hukaa, hurudi Molo peke yake.

Kaka, Jamil amefungua sanduku la vitabu vyako, vile ulivyokuwa ukifundishia madrasani. Ameona humo kwamba aliyeua kwa kukosea hufunga miezi miwili mfululizo, na ameanza kufunga. Lakini juzi alikuja jikoni na kitabu mkononi, akaniuliza, "Dada, hapa kuna aliyekusudia na kuna asiyekusudia. Mimi niko wapi? Chupa sikukusudia. Uongo niliukusudia, ila sikukusudia ufanye yote haya." Nilimwambia nitakuuliza wewe, uliyesoma.

Duka amelifunga. Watu wa mtaa wana huruma, wanakuja kumfariji, na wote wanamwambia neno moja, kwamba hakukusudia. Anaitikia kwa adabu. Wakishaondoka, analala kitandani ameelekea ukutani.

Ninalokuomba ni hili. Mpigie simu, na ukimpigia, usimwambie hakukusudia. Analijua, na halimsaidii. Mwulize habari za Mama Aguti. Amekwenda Molo kuulizia kwa majirani, na sasa anajua mengi juu yake: kwamba alikuwa akiimba kwaya kwa sauti nzito kama ya mwanamume, na watoto walikuwa wakimcheka, naye akizidisha makusudi. Anatafuta mtu wa kumsimulia, na sisi hapa kila akianza tunamkatiza, tukidhani tunamwonea huruma.

Mama anakusalimu sana na anakuombea katika kila swala. Fauziya anakusalimu, na Mjomba Mahmudu wa ng'ambo ya mpaka anasema picha uliyomwahidi bado anaingoja. Nisalimie wenzako wote mnaokaa nao.

Mwenyezi Mungu akulinde huko uliko, akulainishie kazi yako, na akurudishe kwetu mikono yako ikiwa safi na moyo wako umetulia.

Ni mimi dada yako, nikupendaye siku zote,

Rukiyah