Shati la Kuangukia

Mtani wangu Athumani,

Mzaramo mvivu wewe, umelala na kazi umeniachia mimi. Nimechoka. Nakwambia wewe kwa sababu hapa Temeke watu wanadhani sisi Wanyamwezi hatuchoki.

Miaka yote umeanguka kwa ajili ya sura ya mtu mwingine. Yule bwana mzuri wa kwenye sinema akishasimama ukingoni, kamera inazimwa, unavaa shati lake, wewe ndiye unayeruka. Umeruka kutoka mnazini, kwenye mapaa, kwenye lori linalokwenda, na kila mara ukainuka unacheka. Halafu homa ikakumaliza kitandani, kwa mama yako. Nilikasirika, Athumani. Bado nimekasirika.

Msibani walinisubiri. Mtani ndiye anayemwiga marehemu, watu wacheke, msiba upungue uzito. Nikapanda paa la banda nianguke kama wewe. Kufika juu, miguu ikagoma. Nikakaa palepale nalia mbele ya ukoo wenu mzima, mpaka watani wenzangu wakaniteremsha kama mbuzi. Mtani kulia! Hawajaacha kunisema.

Sasa picha yako haijaisha. Imebaki ile ya kuruka kutoka kwenye lori, mteremko wa Kimara. Mzungu wa kamera anasema kwa mgongo tunafanana, nivae shati nimalizie. Nilikataa. Magoti yangu yamekwisha, na lile shati bado lina jasho lako.

Juzi mama yako akaniita. Nikamwamkia, akaitikia, akaendelea kupeta mchele wake. Kisha akauliza, yule mtu wa kwenye picha akisharuka inakuwaje. Nikamweleza kwamba anainuka, anajipangusa, anakwenda zake kwao kwa miguu. Akaweka ungo chini.

"Basi kamrukie, mwanangu. Mie mara ya mwisho nimemwona amelala. Nataka nimwone akiinuka."

Nikamkumbusha kwamba atakayeinuka ni mimi, si wewe. Akasema anajua, yeye si mtoto mdogo, na kama kumwiga mwanawe si kazi ya mtani, basi ni kazi ya nani? Mama yako ukibishana naye unajichosha bure, na mimi nilikuwa nimeshachoka tangu nyumbani.

Kwa hiyo kesho naruka. Naogopa, sikufichi. Nikifika chini nitajipangusa kwa mkono wa kushoto kama wewe, kisha nitatembea kwa yale maringo yako ya kijinga yaliyokuwa yakiniudhi. Picha ikiletwa uwanjani hapa Temeke, nitamtandikia mama yako mkeka mbele kabisa.

Kwaheri, Mzaramo. Mungu akulaze pema. Nakuahidi hili moja: nikishainuka nitakwenda moja kwa moja bila kugeuka, mama yako asije akauona uso wangu.

Ni mimi mtani wako,
Masanja