Goti la Babu Mwinyijuma

Shoga Mastura, uko wapi?

Babu yangu Mwinyijuma si unajua alikuwa fowadi hodari wa Tanga nzima, akaacha mpira ghafla mwaka 1956? Sote tumekua tukiambiwa aliteleza kisimani akavunjika goti.

Uongo! Hakuteleza!

Leo baada ya hitma yake nikamwambia Bibi Saleha, "Babu alikuwa mpole sana." Akanitazama. "Mpole? Kila timu yake ikifungwa, nilipigwa mimi."

Siku ile ya goti, timu yake ilifungwa Pangani. Akarudi nyumbani Nguvumali, akamkuta bibi uani anatwanga mpunga. Akamkamata nywele, akamgonga kichwa ukutani mara mbili. Bibi akanyanyua mchi, akaushusha gotini kwa nguvu zake zote.

"Nikasikia mfupa ukilia kama ukuni mkavu." Mastura, bibi huyu huyu anayetupikia vibibi vya kunywea chai!

Babu akaona haya kusema amevunjwa na mkewe, ndipo akazua habari ya kisima. Hakucheza tena. Wala hakumpiga tena.

Nikamuuliza, "Bibi, hujuti?"

"Najuta, mjukuu wangu. Nilingoja miaka minne kuushika ule mchi."