Fimbo ya Baba

Dada yangu mpenzi,

Hatujambo, ila paa la jikoni linavuja na patasi yangu kubwa imevunjika ncha. Karakana ina kazi tele. Wiki hii nimechonga maandishi ya kuzuia moto kwenye milango sita, na yote yanafanya kazi.

Lakini mganga hajigangi. Baba alipoanza kusahau njia, nilimchongea kwenye fimbo yake: "Mrudishe nyumbani." Maneno mawili tu, kazi ya anayejifunza. Kila akitoka, fimbo inamvuta kwenye barabara ya kaskazini, huko uliko wewe. Nimeyafuta na kuyachonga upya mara nne. Jana nilimkuta mbali nje ya mji, viatu mkononi.

Nikampelekea fimbo fundi mkuu wa karakana. Akapitisha kidole juu ya kila herufi. "Hakuna kosa, binti yangu. Maandishi humsikiliza aliyeshika fimbo, si aliyechonga."

Dada, miaka tisa nampikia na kumfulia. Wewe unaleta barua mbili kwa mwaka. Nilichukia hata nikamuuliza, "Baba, kwani hapa si kwako?"

Akanijibu kwa upole, kama mgeni anayemuaga mwenyeji wake. "Hapa pazuri, mama. Ila nina mabinti wawili, wananisubiri pamoja."

Nilitoka nje nikalia. Fimbo sitaigusa tena. Alhamisi nitamfungulia mlango na kumfuata nyuma mpaka atakapofika. Tandika vitanda viwili.

Ni mimi mdogo wako, niliyechoka.