Mara Mbili Tu

Jumanne, 5 Machi
Mashauri kumi na tisa leo. Hakimu alitaka yaishe kabla ya adhuhuri. Kazi yangu mimi ni kuita – jina la mwombaji mara tatu: mlangoni, koridoni, kisha pale ngazi zinapoishia. Shauri la kumi na moja, bibi anayeomba kumlea mjukuu wake. Wazazi wa mtoto wote marehemu. Kimya. Baba mdogo wa mtoto, anayempinga, yupo na wakili wake. Wakili akasimama: mwombaji hayupo, maombi yafutwe. Yakafutwa. Hata dakika mbili hazikufika. Nikaandika daftarini: ameitwa mara tatu, hakutokea.
Nilikuwa nimeita mara mbili.

Jumatano, 6 Machi
Jana sikuandika yote. Nilipotoka nilimkuta yule bibi ngazini, kashika reli, anahema. Magoti yamemvimba. Lifti mbovu tangu Januari.
"Nilisikia unaniita, mwanangu," alisema. "Nikaitika abee. Hukunisikia?"
Nikamwambia shauri lake limekwisha. Akadhani ameshinda. Akanishukuru.

Ijumaa, 8 Machi
Nimemwambia mke wangu. Hakuacha kukunja nguo. Akauliza, si bibi anaweza kuomba shauri lifunguliwe tena? Anaweza. Lakini hakimu ataangalia daftari, na daftari linasema mara tatu.
"Basi kaseme," akasema. "Au nyamaza moja kwa moja. Usinizungukie humu ndani na uso wa msiba."

Alhamisi, 14 Machi
Bibi kaleta ombi la kurudishiwa shauri. Kiapo chake kifupi: nilikuwa ngazini, niliitika. Kaja na mjukuu, miaka sita hivi, sare ya shule, kamshika bibi kidole kimoja. Baba mdogo anataka kumhamisha mwisho wa mwezi, huko mbali. Nikagonga muhuri.
Na hili hata mke wangu sijamwambia – ile abee niliisikia. Mbali, huko chini. Nikajifanya ni ya mtu mwingine. Mashauri manane yalikuwa bado.

Jumatatu, 18 Machi
Wakili alisoma daftari langu kwa sauti, neno kwa neno. Akasema kumbukumbu za mahakama haziwezi kupinduliwa na maneno ya ngazini. Hakimu akanigeukia. Karani, uliita mara tatu?
Nikasema mbili, mheshimiwa. Na aliitika, nilimsikia.
Bibi hakunitazama. Alikuwa anamfunga mtoto kamba ya kiatu.
Hakimu akaweka kalamu chini. Hakunifokea – afadhali angenifokea. Alisema nitoke, nisubiri nje, nitaitwa. Karani wa chumba cha pili kakaa kwenye kiti changu, daftari langu mbele yake.
Naandika haya kwenye benchi la koridoni. Saa nzima sasa. Wao bado wamo ndani. Nimebanwa na haja ndogo, na choo kipo hapo hapo, hatua ishirini. Siendi.