Maneno Aliyoimba Zawadi

Jumapili, 9 Machi

Fumbo la gazeti la jana bado. Kushuka 6: "Mtego wa samaki uliosukwa", herufi tano. Nina M, nina O mbili. Nimelibeba hadi kanisani ndani ya kitabu cha nyimbo. Aibu kidogo.

Watoto ishirini na wawili leo. Wimbo wa Pasaka nimeutunga mwenyewe: "Asubuhi sisi sote tunaimba milimani." Mimi si mwimbaji. Nilikuwa karani wa posta. Mwalimu wao aliolewa akahamia Turiani, na hakuna mwingine aliyenyoosha mkono.

Zawadi amekosea tena. Miaka tisa, anaishi na bibi yake huko Bigwa, juu kabisa mlimani. Anaimba kwa nguvu kuliko wote: "Aubuhi ii ote." Wenzake wakacheka. Nikamwambia aache mzaha. Akanitazama mdomoni, si machoni. Hakuimba tena.

Jumatatu, 10 Machi

Mgono! Limenijia napiga mswaki. Furaha ya kijinga, lakini furaha.

Jambo moja linanisumbua. "Tunaimba milimani" Zawadi anaitamka sawasawa. Mtoto wa mzaha angeharibu wimbo mzima. Kwa nini nusu tu?

Jumatano, 12 Machi

Mazoezi saa kumi. Nimekaa karibu na Zawadi na gazeti langu, nikaandika pembeni kila anachoimba. Shamba: "amba". Safari: "a-ari". Maua, nyumba, ndege, mlima: safi kabisa.

Nikadhani ni Kiluguru cha nyumbani kinamvuta ulimi. Baada ya mazoezi nikashuka hadi barabarani, bibi yake anapouza magimbi na ndizi. Nikamwamkia, nikamuuliza amekuja kuuza tangu saa ngapi. Tangu asubuhi, akasema, na S yake ilikuwa kali kama ya mtangazaji. Basi dhana yangu imekufa.

Akaniambia na jingine. Shuleni wamesema Zawadi arudie darasa la pili, mara ya tatu sasa. Mzito wa kuelewa. Bibi amechoka. Jumamosi ya wiki ijayo anampeleka Kisaki kwa shangazi yake akalee mtoto mchanga. Shule basi.

Nikanunua magimbi ambayo hatuyahitaji.

Alhamisi, 13 Machi

Nimekaa na orodha tangu chai ya asubuhi. Mke wangu, Mama Tumaini, ameniuliza fumbo gani hilo lisiloisha. Nikamwonyesha.

Nimepiga mstari kila herufi ambayo Zawadi anaitamka vizuri. M, N, B, L, D, irabu zote. Zilizobaki: S, SH, F. Zote ni pumzi tu. Ukizitamka taratibu hazina sauti ya kooni.

Hakosei ovyo. Anaacha mashimo palepale kila mara. Mtoto huyu anaimba anachosikia.

Nilimwambia aache mzaha. Mbele ya watu. Najisikia vibaya sana.

Ijumaa, 14 Machi

Nimefanya jaribio. Mama Tumaini alikuwepo, tumekaa barazani pa kanisa. Nikamwambia Zawadi arudie kila neno nitakalosema. Kwanza anitazame. "Sisi." Akasema "sisi", S hafifu lakini ipo. Kisha nikafunika mdomo kwa gazeti. "Sisi." Akasema "ii". "Mama." Akasema "mama". "Fisi." Akasema "ii" tena, akanikazia macho akijaribu kuona nyuma ya gazeti.

Anasoma midomo. Hakuna aliyemfundisha. Kajifunza mwenyewe, na sisi tunamwita mzito.

Jumamosi, 15 Machi

Nimepanda kwa bibi. Mvua imefanya njia kuwa utelezi, nimeanguka mara mbili. Nimefika suruali tope tupu.

Bibi alikasirika. "Mwalimu, mjukuu wangu si kiziwi. Nikimwita anakuja." Ni kweli. Jina lake anaweza kulisikia, limejaa irabu. Nilijaribu kueleza herufi, nikaona namchosha. Nikamwomba ajaribu mwenyewe, kwa maneno yake, akiwa nyuma ya mtoto.

Zawadi alikuwa anamenya ndizi. Bibi akasimama nyuma yake, akasema kwa sauti ya kawaida, "Sahani."

Zawadi akageuka. "Nani, bibi?"

Bibi akamtuma tena, vitu vingine, mgongo kwa mgongo. Chungu akaleta. Mwiko akaleta. Sufuria akasimama katikati ya jikoni, akitazama huku na huku. Bibi akaketi kwenye kigoda.

"Hilo ndilo nililokuwa nikimchapia," akasema. "Namtuma hiki, analeta kile. Miaka yote hii."

Tumekubaliana Jumanne hospitali. Wasipoona kitu, safari ya Kisaki iko palepale. Kasema wazi.

Jumatatu, 17 Machi

Nimeanza kuogopa. Itakuwaje kama nimekosea? Mimi ni mzee wa kupanga barua na kujaza miraba. Si daktari. Nimempandisha bibi wa watu matumaini kwa orodha ya pembeni mwa gazeti.

Fumbo la leo sijaligusa.

Jumanne, 18 Machi

Sikukosea.

Wamemwingiza chumba kidogo kisicho na kelele, wakamvisha vipokea sauti vya masikioni, wakamwambia anyooshe mkono kila akisikia mlio. Tukamtazama kupitia kioo. Mwanzoni mkono ulipanda haraka haraka. Kisha ukawa mzito. Kisha ukabaki pajani, na mtaalamu, binti mpole sana, bado anabonyeza.

Akatuonyesha mchoro. Mstari umeanza juu, ukashuka ghafla kama mteremko wa Bigwa. Sauti nene anazisikia. Sauti nyembamba hazipati, masikio yote mawili. Bibi akakumbuka homa kali aliyougua Zawadi akiwa na miaka miwili. Huenda ndiyo, huenda siyo, binti akasema. Kuna kifaa cha kuvaa sikioni. Jina la Zawadi limeandikwa kwenye orodha, tusubiri. Kwa sasa akae mbele, na watu wamtazame wanapomsemesha.

Bibi alilia kimya. Mimi nilifurahi kwamba nilipatia. Kisha nikaona ni furaha ya namna gani hiyo, nikaenda kusimama nje.

Alhamisi, 20 Machi

Shuleni na bibi, na barua ya hospitali. Mwalimu wa darasa aliisoma mara mbili, akamwita Zawadi, akamhamishia dawati la mbele hapo hapo. Hakujitetea. Nimempenda kwa hilo.

Bibi alimpigia shangazi mtu simu mbele yangu. Shangazi alifoka, nilisikia hadi nilipokaa. Bibi akamwacha amalize. "Haji," akasema. "Anasoma." Akakata.

Jumapili, 23 Machi

Mvua imekatika. Mlima unaonekana wote, hadi juu.

Nimemwomba Zawadi msamaha mbele ya watoto wale wale wa kwaya. Nilimweleza kila mtu, polepole, uso kwa uso. Hakuna aliyecheka. Zawadi aliitikia kwa kichwa kama mtu mzima aliyepokea salamu.

Kisha akauliza swali ambalo sikulitegemea. S inasikikaje?

Nikachukua kiganja chake, nikakiweka mbele ya mdomo wangu, nikaitamka ndefu. Akaangalia mkono wake.

"Upepo," akasema.

Nikamwambia ndiyo, upepo. Tukaanza wimbo. Mstari wa pili akaondoka mahali pake, akapita kwa kila mtoto, mmoja mmoja, kiganja mbele ya mdomo, akisubiri pale penye S. Wimbo ukaharibika kabisa. Sikuwasimamisha.