Kaburi la Filamu Shambani kwa Baba Mkubwa

Jumatatu, 3 Juni
Nimechaji betri nne, nimefuta kadi mbili. Orodha ya kesho: jeneza, turubai, kanga nyeusi, chai ya waombolezaji. Mjane ni mimi, mwongozaji ni mimi. Nikiwa mbele, Baraka anashika kamera. Miaka kumi na miwili nimeshika vipaza sauti, nimepaka watu poda, nimeigiza mashangazi wakorofi, nimehariri kazi za wengine. Hii ya kwanza ni yangu mwenyewe. Ikikwama, sina nyingine.

Jumanne, 4 Juni
Tumechimba kaburi migombani kwa baba mkubwa, huku juu mlimani. Mwenyewe yuko Olasiti kwa mwanawe. Kibali cha kata ninacho. Mama aliniambia nimsubiri arudi, sikusubiri. Saa saba ukungu ukashuka. Hatukupiga picha hata moja. Tumefunika shimo kwa turubai.

Jumatano, 5 Juni
Mama amelazwa. Nimonia. Baba mkubwa amerudi, ameliona shimo. Akanipigia simu. Shikamoo yangu hakuiitikia.
"Umemchimbia nani?"
Nikasema ni la filamu, baba.
"Udongo unajua filamu?"
Kwetu kaburi halilali wazi, wala halifukiwi tupu; litadai mtu. Nalijua hilo tangu utoto. Kwenye orodha niliandika turubai, sikuandika wazee. Kosa langu.

Alhamisi, 6 Juni
Sijala. Mama anapumulia oksijeni. Wodini shangazi alinipa mgongo. Jumamosi Baraka anaenda Dar na kamera yake. "Dada, tushuti kesho, tufukie. Wazee watazoea." Nimemjibu vibaya. Siamini kwamba shimo linaua mtu. Na siwezi kufumba macho likiwa wazi.

Ijumaa, 7 Juni
Asubuhi nilikwenda kumwomba radhi baba mkubwa. Alisema lifukiwe leo, na mgomba ndani, kama mtu. Nikaomba kushuti.
"Shuti. Ila ukilia, lia kweli. Usituigizie hapa."
Tuliangusha mgomba, tukauvika shuka, tukaulaza kwenye jeneza, tukaushusha. Mara moja tu, hakuna kurudia. Wajomba walishika majembe. Baba mkubwa aliomba kwa Kimeru. Nilisahau kumwambia Baraka aanze. Alianza mwenyewe. Nililia kweli.

Jumapili, 9 Juni
Mama ametolewa oksijeni tangu jana. Amekunywa uji nusu kikombe. Nimeikagua picha: mara mbili inapoteza ukali, na uso wangu hautazamiki. Nimeiacha hivyo.
Mama aliomba kuiona. Nikamshikia simu. Aliitazama yote, hata udongo wa mwisho.
"Mmekata mgomba mzuri," akasema. "Ule wa bondeni ungetosha."
Akageukia ukutani, akalala. Nimekaa nikihesabu pumzi zake. Zinakwenda sawa.